Matanga Katika Nchi ya Miraba

Enyi mlioko na mtakaokuwako, tegeni masikio. Mimi ndimi niliyesimama kati ya dunia mbili, nikaisemea ile isiyoweza kujisemea. Wafalme walinena kwa alama zisizosomeka, nami nikazisoma. Mashujaa walikata roho mbele ya macho yangu, nami nikayapokea maneno yao ya mwisho kwa mikono miwili. Bila mimi nchi ile isingekuwa na historia, wala sheria, wala huzuni.

Tangazo hili nililitunga nikiwa nimechuchumaa nyuma ya jiko la shule, nachambua mawe kwenye maharage, adhabu ya kuchelewa paredi. Nilipofika kwenye neno huzuni, mpishi aliniambia nisogee, nimemzibia njia ya kwenda kwenye kuni.

Nchi ninayoisemea haina jina. Ina miraba. Kila kiumbe husimama kwenye mraba wake na hasogei mpaka asogezwe, na akishasogezwa hujiona ametembea. Jua lake haliendi kwa saa. Jua husubiri mpaka askari wa mwisho asogezwe, ndipo siku inageuka, kwa hiyo kuna siku moja ya vita niliyoishi humo kwa majuma matatu, na kuna miaka mitano iliyokwisha wakati mtu mmoja amekwenda kujisaidia. Nilijiuliza sana: yule askari anayesimama juani akisubiri, anajua kwamba anasubiri? Kisha kengele ikagongwa, wavulana ishirini na wanne tukatoka kwenye vitanda vilivyopangwa sita kwa nne, tukaenda kusimama kwenye mistari, tukasubiri mtu atuambie tutembee. Nikatazama juu. Nina hakika niliona dole gumba. Mwalimu wa zamu akasema lile ni wingu na kwamba nitafagia uwanja.

Kwa wasiopenda mafumbo, nitasema wazi. Nchi hiyo ilikaa ndani ya runinga, kwenye stoo ya maabara, kati ya mifupa ya plastiki ya binadamu na katoni za chupa. Tuliachiwa na Mwalimu Sachiko, aliyekuja kutoka Japani kutufundisha hesabu miaka miwili. Alipohamishiwa mkoa mwingine alituachia mashine ya gemu ya zamani, padi moja yenye waya, na kaseti moja. Gemu lenyewe lilikuwa la vita vya kupanga. Unapewa askari kumi, unawasogeza mmoja mmoja, adui naye anawasogeza wake. Askari akifa amekufa. Humwoni tena hata uzime na kuwasha. Na maandishi yote yalikuwa ya Kijapani, hakuna herufi hata moja tuliyoifahamu.

Sasa, mimi ndiye niliyekuwa nikimbebea Mwalimu Sachiko chaki. Miaka miwili nilitembea hatua mbili nyuma yake, na watu wakaamini kwamba lugha huambukiza kama mafua. Jumamosi ya kwanza tulipowasha mashine, sura ya mfalme ilitokea na maandishi chini yake, na shingo kumi zikageuka kunitazama.

“Lwitiko,” alisema Mashauri, kiranja wa bweni letu, mtu mrefu asiyecheka, “anasemaje?”

Ningeweza kujibu sijui. Neno hilo lilipanda mpaka kwenye meno. Lakini chumba kilikuwa kimya kwa namna ambayo hakijawahi kunyamaza kwa ajili yangu.

“Anasema nchi imevamiwa,” nikasema.

Wakapiga makofi. Nchi kweli ilikuwa imevamiwa. Nyuma ya mfalme nyumba tatu zilikuwa zinawaka moto.

Hivyo ndivyo mamlaka yanavyozaliwa. Wengine husema huzaliwa kwa upanga, wengine kwa kura. Mimi niliyaona yakizaliwa kwenye stoo ya maabara, saa nane mchana, baada ya usafi. Kuna maandishi, kuna watu wasioweza kuyasoma, na kuna mmoja anayefungua mdomo kwanza. Basi. Huyo mmoja si lazima ajue. Anachotakiwa ni asisite. Nilijifunza kutazama skrini huku nimekunja uso, kusogeza midomo kimya, kunyamaza katikati kama mtu anayetafuta neno zuri zaidi la Kiswahili, na mara moja moja kusema, “Hili kidogo ni gumu, ni Kijapani cha kale.” Herufi zao ni kama vibanda vilivyosukumwa na upepo. Nilivitazama vibanda vile, nikaingiza watu humo, wakaanza kuishi. Nikaipa nchi sheria. Sheria ya kwanza nilisema imeandikwa pembeni mwa skrini, kwenye alama ndogo ya duara iliyotokea kila askari aliposogezwa: ni marufuku kwa askari kurudi alikotoka. Ilionekana kama sheria nzuri. Nchi zote zina sheria ya namna hiyo.

Kila mmoja wetu alichukua askari wake, akampa jina lake mwenyewe. Mimi nilibaki bila askari. Mtafsiri hana upande, nikawaambia, na wakaniheshimu zaidi.

Wa kwanza kufa alikuwa Mfaume, mnene mwenye upanga. Mfaume mwenyewe, yule wa kitanda cha chini karibu na mlango, msemaji mkuu wa mdahalo wa shule, aliweka padi chini na kukataa kwenda kula. Ilikuwa siku ya wali. Tuliogopa. Mashauri ni mtoto wa mjumbe, amekulia kwenye misiba ya watu, na taratibu anazijua kuliko hesabu. Akasimama mbele ya mifupa ya plastiki akasema mtu hawezi kuondoka hivihivi kama kuku. Akaunda kamati. Yeye mwenyekiti, Mfaume katibu, kwa kuwa marehemu ni wa kwake na anajua kuandika. Shuka likatandikwa sakafuni. Kila mtu akafungua tranka lake, akaleta alichonacho: karanga, sukari, ubuyu, kashata. Kisha wasifu wa marehemu ukasomwa, wote tumesimama.

“Marehemu Mfaume,” alisoma Mfaume, “alizaliwa kwenye vita vya kwanza na kupata elimu yake kwenye vita vya pili. Alikuwa mcheshi, mpenda watu, na alishiriki kikamilifu kuua adui wanne. Ameacha upanga mmoja na dawa ya kidonda ambayo hakuwahi kuitumia.”

“Maneno yake ya mwisho?” aliuliza mwenyekiti.

Wakanigeukia. Nikafumba macho. “Alisema, ‘Msigombane.’”

Watu wazima wenye ndevu zinazoanza wakafuta machozi. Na Mashauri akatamka, kwa uzito wa mtu anayeweka jiwe la msingi, kwamba kwa kuwa mtafsiri ndiye aliyekuwa karibu na marehemu hadi dakika ya mwisho, mtafsiri ataanza kula.

Nilikula. Karanga zilikuwa za kukaanga kwa chumvi. Nchi ya miraba ikazunguka mara moja kwenye mhimili wake na kusimama mahali papya.

Nani anamsogeza nani? Kidole kinasogeza askari. Mdomo unasogeza kidole. Tumbo linasogeza mdomo. Na tumbo, linasogezwa na nini? Makande ya Jumatatu. Makande ya Jumanne. Makande ya Jumatano, ambayo ni yale ya Jumanne. Ee nafsi yangu, ulikuwa wapi? Nilikuwa nakula. Uliona nini? Niliona ubuyu.

Jumamosi iliyofuata mfalme, kwa kinywa changu, aliamuru mpiga mkuki wa Mashauri avuke mto peke yake. Hakuvuka. Wasifu wake ulisomwa dakika arobaini, kwa sababu kiranja aliuandika mwenyewe na kuingiza ukoo. Jumamosi ya tatu ya misiba malaika mwenye mabawa alipata ndoto iliyomtaka aruke juu ya wapiga mishale. Ya nne walikufa wawili, na mmoja wao alisema kabla ya kufa kwamba angependa kukumbukwa kwa maandazi. Hapo Mashauri alinitazama kidogo.

“Wajapani wana maandazi?”

“Neno lenyewe ni mkate wa mviringo,” nikajibu. “Nimelainisha.”

Kufikia mwezi wa pili tulikuwa tumezika saba. Nilikuwa nimenenepa mashavu. Usiku niliota nimesimama kwenye mraba, upanga mkononi, na juu yangu uso mkubwa uliopakwa chumvi ya karanga ulikuwa unasogeza midomo kimya. Nikaupigia kelele, unajua kusoma kweli? Ule uso ukakunja paji na kusema, hili kidogo ni gumu. Niliamka, nikajiambia ni mbu.

Kati ya watatu waliobaki, mmoja alikuwa mzee.

Alikuwa mpanda farasi mwenye ndevu nyeupe na kovu shavuni, mzito, wa hatua chache. Mwenye askari huyu aliitwa Nzota, wa kidato cha tatu, na yeye peke yake hakumpa askari jina lake. Alimwita Babu. Sote tulijua kwa nini. Mwaka uliotangulia, Nzota akiwa kwenye mtihani wa taifa wa kidato cha pili, babu yake aliyemlea alifariki. Nyumbani walifanya kama watu wanavyofanya: walimficha mpaka amalize karatasi ya mwisho. Alipofika kwao na cheti cha tabia njema mkononi, kaburi lilikuwa limeshaota nyasi, na wasifu ulishasomwa, na vyombo vya kuazima vilisharudishwa.

Nzota hakutuambia anataka nini, lakini hata mifupa ya plastiki ilielewa. Huyu mzee asife. Afike mwisho wa gemu, aingie kwenye kasri akae chini. Kila Babu alipopewa maandishi, Nzota alifungua daftari la mistari minne, akaniuliza anasemaje, akaandika neno kwa neno. Na kwenye tranka lake alikuwa na debe dogo la karanga na kashata aliloletewa na shangazi siku ya wazazi. Alikuwa ametangaza mapema kwamba debe litafunguliwa Babu akifika. Watu wote watakula.

Mtu mwenye subira angeona kwamba nitakula vilevile. Lakini nilihesabu vita vilivyobaki kwenye ramani. Vilikuwa kumi na moja. Jumamosi kumi na moja. Kati ya hapo na kashata ilikuwepo likizo, upekuzi wa matranka, na panya. Falsafa ina mipaka.

Jumamosi ile tulikaa kama kawaida, Nzota na padi, Mashauri kwenye kigoda, Mfaume na kalamu yake ya wasifu, wengine ukutani. Kwenye skrini kulikuwa na lango la jiwe, na mbele yake uwanda uliojaa wapiga mishale wa adui. Sura ya Babu ikatokea, na chini yake mistari mitatu ya vibanda.

“Anasemaje?” Nzota aliuliza. Daftari lilikuwa wazi gotini.

Nilikunja uso. Nilisogeza midomo. Nitasema ukweli kuhusu wakati huo: kulikuwa na sekunde moja ambayo nilimtazama Nzota badala ya skrini.

“Anasema, ‘Mjukuu wangu, nipeleke mbele. Nimechoka kusimama langoni.’”

Kalamu ya Nzota ikasimama. “Amesema mjukuu?”

“Neno lenyewe ni mtoto wa mtoto.”

“Mbele wapi? Kule kuna mishale.”

“Ameandika mbele.”

“Mzee mwenyewe ameomba, bwana,” Mfaume alisema kwa upole, na nikaona ameshaandika kwenye karatasi yake neno Marehemu na kulipigia mstari chini.

Nzota akaandika, akafunga daftari, akashika padi kwa mikono yote miwili. Farasi akaondoka langoni. Mraba mmoja. Wa pili. Wa tatu. Wa nne, katikati kabisa ya uwanda, wapiga mishale sita wakimzunguka. Alama ya duara ikatokea pembeni. Ilibaki kubonyeza mara moja tu kuthibitisha, na dole lake likawa juu ya kitufe.

“Hodi,” sauti ilisema mlangoni.

Tuligeuka. Alikuwa Mwalimu Sachiko, kofia ya jua kichwani, mkoba begani. Alikuwa akipita kwenda semina, akaomba gari lisimame apate kutusalimia.

“Shikamoo, Mwalimu,” tulisema wote tukisimama.

“Marahaba. Kaeni.” Aliona runinga, akafunika mdomo akicheka. “Bado mnacheza hii? Nilicheza nikiwa na miaka tisa. Mnaelewaje maneno?”

“Lwitiko anatutafsiria, Mwalimu,” Mashauri alisema kwa fahari ya kiranja.

Mwalimu Sachiko alinitazama. Akasema jambo refu la Kijapani, kwa sauti iliyopanda mwishoni.

Neno moja la Kijapani ninalo, asante yao. Nililipata kwenye chaki. “Arigato,” nikasema.

Akainamisha kichwa pembeni. Akasema jambo lingine, refu kuliko la kwanza.

“Arigato,” nikarudia, kwa sauti nzito zaidi, nikiongeza kuinama.

“Unaona,” Mfaume alimnong’oneza jirani yake, “wanaelewana.”

Nilianza kurudi nyuma kuelekea kwenye katoni za chupa. Kinyume cha sheria ya nchi yangu mwenyewe, nilitaka sana kurudi nilikotoka. Lakini Nzota alikuwa ameshanyanyua daftari.

“Mwalimu, samahani. Naomba uniandikie haya ya Babu kwa herufi zenyewe. Ya leo. Nataka yakae kwa lugha zote mbili.”

Mwalimu Sachiko alichukua padi, akabonyeza kitufe ambacho hatukuwahi kukigusa, na maneno ya Babu yakarudi kwenye skrini. Alisoma akifuata kwa kidole, taratibu, kwa Kiswahili chake kilichonyooka kama rula.

“‘Miguu yangu ni mizee. Usinipeleke mbele. Niache hapa langoni, nitawapokea wanaorudi.’” Akageuka. “Huyu ni dhaifu kwa mishale. Kila vita anasema hivyo. Ni mzee mwoga sana, mimi nampenda.”

Mfaume alifunika karatasi yake kwa kiganja.

“Mwalimu,” Mashauri alisema, “tafadhali rudia.”

Akarudia. Nzota alikuwa akitazama uwanda, wale wapiga mishale sita.

“Nimeshampeleka,” alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo. “Nimeshampeleka, Mwalimu.”

“Umebonyeza mara ya pili?”

“Bado.”

“Basi si tatizo. Hii duara pembeni inasema: rudi. Bonyeza.”

Nzota alibonyeza. Na Babu, kwa mara ya kwanza katika historia ya nchi ile, akageuza farasi wake. Mraba wa nne, wa tatu, wa pili, wa kwanza. Akasimama langoni, mzima, ndevu zake mahali pake, kama mtu aliyetoka nje kuangalia mvua. Nzota aliachia pumzi ambayo nadhani alikuwa ameishika tangu mtihani wa taifa.

“Kumbe hurudi,” Mfaume alisema. Nikamwona akihesabu kwa vidole. “Mwalimu, na wangu angerudi?”

“Kabla ya kubonyeza mara ya pili, kila mtu anarudi.”

Mashauri alikisogeza kigoda mpaka mbele yangu, akakaa, akaweka mikono magotini. “Kamati imekaa,” alisema.

“Ndugu mwenyekiti,” nilianza, “tafsiri ni daraja juu ya maji mengi. Anayevuka haoni mawimbi yaleyale na anayebaki. Hivyo tunapouliza kama askari alisema au hakusema, kwanza tujiulize kusema ni nini...”

“Lwitiko,” alisema Mashauri. “Karanga.”

Nikatazama mifupa ya plastiki. Haikuwa na la kunisaidia.

“Sijui Kijapani,” nikasema. “Najua arigato tu. Mfalme hakuwahi kuamuru mtu avuke mto. Malaika hakuota. Mfaume hakusema msigombane, na yule wa maandazi hakusema maandazi. Niliwatuma ili mfungue matranka. Wa kwanza alikufa kwa bahati mbaya. Sita waliofuata niliwaua mimi.”

“Na kiranja wenu mlimzika dakika arobaini,” Mashauri alisema polepole, kama anayejisomea.

“Ulikuwa wasifu mzuri,” nikasema. “Hiyo si tafsiri.”

Mwalimu Sachiko alikuwa amekaa kwenye katoni, kofia imefunika uso wake, mabega yakitikisika. Sikujua anacheka au vipi, na sikuwa na lugha ya kumuuliza.

Nzota peke yake hakuwa na hasira. Hilo ndilo lililonitisha. Alilifungua daftari, akapita kurasa moja baada ya nyingine, akielekea nyuma, mpaka ukurasa wa kwanza kabisa, ulioandikwa kwa wino ambao maji yaliudondokea. Akanigeuzia.

“Haya je?” alisema. “Siku ile ya kwanza. Aliposema hakuondoka kwa kunikasirikia. Kwamba walimwambia nipo kwenye mtihani, akasema mwacheni amalize, nimeshamuaga moyoni. Hapo tulikuwa hatujazika mtu. Hakuna aliyekuwa na karanga.”

Ningeweza kunyamaza. Kulikuwa na Mwalimu mle ndani, angeweza kuulizwa, lakini ukurasa ule wa gemu ulikuwa umepita miezi miwili, hakuna ambaye angeurudisha kwenye skrini. Kwa mara nyingine chumba kilikuwa kimya kwa ajili yangu.

“Hayo pia ni mimi, Nzota,” nikasema. “Nilikuona unavyomtazama. Kwenye skrini palikuwa na herufi mbili tu. Mengine yote niliyatoa kwangu.”